Waliotubeba wakati wa korona nao wahesabiwe

Leo ninatoa maoni yangu juu ya jambo ambalo wengi wanasema limekwisha: korona. Siongelei ugonjwa wenyewe sana. Ninaongelea watu waliosimama mbele yake ili sisi tupone.

Tukumbuke mwaka 2020. Mgonjwa wa kwanza katika nchi yetu alitangazwa Kinshasa tarehe 10 Machi. Tarehe 24 Machi Rais alitangaza hali ya dharura, na kabla mwezi haujaisha Bukavu nayo ilikuwa na wagonjwa. Sisi hapa Uvira, katikati ya Aprili, tukapigwa na pigo lingine: mto Mulongwe ulifurika, ukaua zaidi ya watu 40, ukabomoa daraja na kuacha makumi ya maelfu bila nyumba. Serkali ilikuwa inasema watu wasikae pamoja. Lakini waliokosa nyumba walilala wapi? Katika mashule na makanisa, familia juu ya familia. Na waliowatoa kwenye matope, waliobeba maiti, waliofunga vidonda na kugawa maji, walikuwa vijana wa kujitolea, waganga wa vituo vya afya, na majirani wenye mikono mitupu. Hakuna anayeweza kumbeba mtu mgongoni huku akikaa mbali naye mita moja.

Swali langu ni hili: kati ya hao, ni wangapi walipata korona bila kujua, na wakaipeleka nyumbani kwao?

Kuna njia ya kujibu swali kama hilo. Mwili ukishambuliwa na kirusi unatengeneza kingamwili, kama askari wanaobaki kambini baada ya vita. Kipimo cha puani kinaonyesha kama mtu ana kirusi leo. Kipimo cha damu kinachotafuta kingamwili kinaonyesha kama kirusi kilishapita mwilini, hata kama mtu hakulala kitandani siku moja.

Jirani zetu wa Bukavu walifanya hivyo. Katika Hospitali ya Panzi, ile ya Daktari Denis Mukwege, watumishi 359 walipimwa damu mwaka 2020. Asilimia 41.2 walikuwa na kingamwili za korona, maana yake kama watu 148. Sasa linganisheni: kufikia mwisho wa Agosti mwaka huo, hesabu rasmi ya nchi yetu yote, yenye mamilioni ya watu, ilikuwa kama wagonjwa elfu kumi tu. Hospitali moja peke yake ilikuwa na karibu watu 150 waliokutana na kirusi. Basi hesabu tuliyokuwa tunasomewa kwenye redio kila jioni ilikuwa kipande kidogo cha ukweli. Si ajabu. Sampuli za mkoa wetu zilikuwa zinapelekwa Kinshasa, na majibu yalichelewa mno. Daktari Mukwege mwenyewe alijiuzulu katika kamati ya mkoa ya kupambana na korona mwezi wa Juni 2020, na kuchelewa huko kwa majibu kulikuwa moja ya sababu zake.

Mtu ataniambia: kama Bukavu ni asilimia 41, basi na Uvira ni hiyo hiyo. Hapana. Nchini Kenya walipima watumishi wa afya 684 mwaka huo huo. Nairobi walikuta karibu asilimia 44, lakini Busia karibu 13 na Kilifi karibu 12. Kazi ni moja, kirusi ni kimoja, lakini hesabu ni tofauti kabisa. Ndiyo maana hatuwezi kuvaa nguo iliyokatwa kwa kipimo cha mtu mwingine. Uvira ina bandari ya Kalundu, ina mpaka wa Kavimvira, ina familia za wahami zinazoingia kila vita inapowaka. Inahitaji hesabu yake.

Na ninaomba hesabu hiyo isiishie kwa waganga na wauguzi. Hapa kwetu, nani anamfikia mgonjwa kwanza? Ni kijana wa Msalaba Mwekundu. Ni mwendesha pikipiki anayembeba mama mwenye kuhara usiku. Ni mwenye mtumbwi anayeleta mgonjwa kutoka vijiji vya kando ya ziwa. Ni wareko wanaopita nyumba kwa nyumba. Ni mama katika kambi ya wahami anayewaosha watoto wasio wake. Hao wote hawana koti jeupe, lakini ugonjwa hauulizi koti.

Wapo watakaosema: pesa ya kupima damu ingenunua dawa. Ninawaelewa, dawa ni haba. Lakini ukijua ni kundi gani liliambukizwa zaidi, unajua glovu, sabuni na barakoa zipelekwe wapi kwanza. Kugawa bila kujua ndiko kupoteza pesa. Wengine watasema korona ilikwisha, kwani Shirika la Afya Duniani liliondoa hali ya dharura tarehe 5 Mei 2023. Kweli. Lakini kipindupindu hakijatuaga, na mpox nayo ilifika mkoani mwetu. Mikono inayowapokea wagonjwa hao ni ile ile.

Jambo la mwisho, na kwangu ndilo kubwa. Anayechukua damu ya mtu arudishe jibu, kwa siri, kwa lugha anayoisikia. Amwambie pia kwamba kingamwili hupungua na wakati, kwamba kipimo kinaweza kukosea, na kwamba si ruhusa ya kuacha kunawa mikono. Mwezi wa Machi 2021 nchi yetu ilipokea dozi milioni 1.7 za chanjo ya korona, na milioni 1.3 kati yake zikapelekwa nchi nyingine kabla hazijaharibika, kwa sababu hazikuwa zinapata watu wa kutosha. Uvumi ulikuwa na nguvu kuliko dawa. Mtu aliyeletewa jibu lake mkononi ni vigumu kudanganywa na uvumi.

Kwa hiyo, viongozi wa afya wa Uvira, mashirika ya misaada, na shirika la raia: andikeni majina ya wanaowafikia wagonjwa kwanza, mtaa kwa mtaa, kambi kwa kambi, hata wasio na mshahara. Wapeni vifaa kabla ugonjwa mwingine haujafika. Mkiwapima, warudishieni majibu yao. Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua. Tukiacha kuwahesabu waliotubeba, tutajikuta siku moja tunaanguka na hakuna aliyebaki wa kutubeba.