Briji, Kadi na Wahedi wa Sitini: Kila Mchezo na Istilahi Zake

Suala la istilahi za Kiswahili limejadiliwa kwa muda mrefu, na aghalabu mjadala huo umeelekezwa kwenye nyanja zinazohesabiwa kuwa nzito: sheria, tiba, isimu na, katika miongo ya karibuni, kompyuta. Michezo nayo imepata sehemu yake, ila si michezo yote. Kandanda ilibahatika kupata redio. Watangazaji wa Sauti ya Kenya, akiwamo marehemu Leonard Mambo Mbotela, walilazimika kulisimulia pambano zima kwa msikilizaji asiyeona chochote, na istilahi za uwanjani zikakomaa kwa kurudiwarudiwa. Leo hakuna anayeshangaa kusikia mlinda lango, mpira wa kona au kuotea. Karata hazikupata mtangazaji. Huchezwa na watu wachache waliozunguka meza au kreti ya soda iliyopinduliwa, hakuna anayemsimulia mtu wa mbali, na neno linalotumika Maringo si lazima litumike Kayole.

Kwa hiyo anayeketi kuandika kuhusu karata kwa Kiswahili huanza bila kielelezo, na athari yake huonekana mapema. Katika aya ya kwanza mchezaji ameshika karata. Katika ya pili ameshika kadi. Anatupa uru, na muda mfupi baadaye uru huyohuyo amekuwa daimondi. Anakatwa kwa pao, kisha mwenzake anajibu kwa maua, na msomaji asiyeufahamu mchezo huo hana budi kuamini kwamba karata zina jamii tano au sita, ilhali ni nne tu. Mwalimu anayesahihisha insha ya namna hiyo huchukua kalamu nyekundu akayafuta maneno ya mtaani, akaandika yale ya kamusi pembeni, akaona kazi imekwisha. Haijakwisha. Kosa la insha hiyo halikuwa matumizi ya neno maua. Kosa lilikuwa kuyatumia maneno mawili kwa kitu kimoja bila sababu. Mwanafunzi wa Dandora aliyeandika maua tangu mwanzo hadi mwisho ameandika kwa nidhamu kuliko yule aliyechanganya pao na maua kwa hofu ya kuonekana mshamba au mtoto wa Sheng.

Yafaa kuitazama nidhamu hiyo kwa karibu, kwa kuwa wachezaji wa Eastlands wanayo kuliko waandishi wengi. Mchezo wa kadi unaochezwa katika mitaa ya Jericho, Umoja, Kariobangi na kwingineko jijini Nairobi una sheria zinazotofautiana kidogo kati ya uwanja na uwanja, lakini una tamko moja ambalo halitofautiani. Mchezaji anayejiona yu tayari kumaliza katika zamu yake ijayo sharti atangaze: niko kadi. Akilisahau tamko hilo, hata akiwa na karata inayofaa kabisa, hawezi kumaliza. Hasemi anakaribia, wala hasemi amebakiza moja. Maneno mawili hayo ndiyo sheria, na wanaomzunguka wataamua kwa hayo kama ameshinda au la. Vivyo hivyo malkia na nane huitwa maswali, na swali lisilojibiwa humfanya aliyeliuliza aokote karata. Hapa istilahi si pambo la lugha, bali ni sehemu ya mchezo wenyewe, na ilisimikwa pasi na kamati wala kamusi.

Pwani nako kuna mfumo mwingine, mkongwe zaidi na usiofahamika vya kutosha kwa wanafunzi wa bara. Majina yake ni ya Kireno karibu yote. Karata yenyewe ni neno la Kireno. Shupaza ilitokana na jina la panga, kopa na jina la vikombe, uru na jina la dhahabu, pao na jina la rungu au gongo. Turufu, neno ambalo leo hutumika hata katika siasa kwa maana ya silaha ya mwisho, lilitoka mezani hapohapo. Tena kuna mtego kwa mwenye kujua Kireno: ree ya Kiswahili ilitokana na neno la Kireno lenye maana ya mfalme, lakini kwa Mswahili ree ni karata yenye alama moja, ile iliyoandikwa A.

Kinachovutia zaidi ni majina ya karata zenye picha. Kamusi za zamani zinaorodhesha mzungu wa nne kuwa mfalme, mzungu wa tatu kuwa ghulamu, na mzungu wa pili kuwa malkia. Kwa mtazamo wa haraka mpangilio huu hauna mantiki, kwani ghulamu anampita malkia. Ufumbuzi umo katika mchezo wa wahedi wa sitini. Hesabu yake ni ileile ya michezo ya Wareno iitwayo bisca na sueca: ree ina pointi 11, saba, yaani seti, ina 10, mfalme 4, ghulamu 3 na malkia 2. Jumla kwa kila jamii ni 30, kwa jamii zote nne ni 120, na anayetaka kushinda lazima avuke nusu, yaani afikishe 61. Sitini na moja: wahedi wa sitini. Nambari iliyomo katika jina la mzungu, kwa hiyo, si cheo chake bali ni pointi zake. Jina la karata na jina la mchezo vinafungamana, na kimoja hakieleweki bila kingine.

Maua ya Eastlands yana mantiki ya aina nyingine. Majina ya pwani yalirithiwa kwa sikio, na picha zilizo kwenye karata za leo si vikombe wala panga wala dhahabu. Hakuna anayetazama ile pembenne nyekundu akaona dhahabu. Kijana wa Nairobi alitazama picha, akaona kitu chenye petali tatu na kikonyo, akasema maua. Amelipatia jambo hilo jina kwa macho. Kumwambia kwamba amekosea kwa sababu Mreno wa karne zilizopita aliona gongo ni kumdai utii ambao hata mantiki haiudai.

Basi kuna mchezo wa tatu, ambao ndio kipimo cha hoja hii: briji. Huu ni mchezo wa watu wanne, wawili dhidi ya wawili, kila mmoja akigawiwa karata 13 kati ya 52. Sura yake ya sasa, briji ya mkataba, ilipata mfumo wake wa kuhesabu mwaka 1925, Mmarekani Harold Vanderbilt alipouratibu akiwa safarini melini. Kijana wa Eastlands aliyezoea kukumbuka karata zilizokwisha kutoka ana nusu ya ujuzi unaohitajika, lakini akitaka kuusoma mchezo huu huingilia mlango wa Kiingereza, na mlango huo umewarudisha wengi. Ikiwa utaandikwa kwa Kiswahili, swali ni kwa istilahi zipi.

Kwanza ni jina. Wapo watakaotafsiri na kuuita daraja, nao watakuwa wametafsiri kisichotafsirika: kijitabu cha Kiingereza cha mwaka 1886 kiliuita biritch, na hakuna mto wala daraja katika habari hiyo. Briji inatosha.

Pili ni majina ya jamii, na hapa shupaza, kopa, uru na pao yana haki ya kutangulia. Sababu si kwamba ni sanifu. Sababu ni kwamba briji ni mchezo wa turufu, wa kufuata jamii iliyoongozwa na kukata inapokosekana, na maneno hayo yamefanya kazi hiyohiyo katika wahedi wa sitini kwa vizazi. Maua yabaki katika kadi, ambako ndiko yalikozaliwa, na anayeandika kuhusu kadi ayatumie bila kuomba radhi. Neno jamii nalo lachaguliwa badala ya rangi, kwa vile rangi ni mbili tu. Shupaza na pao zote ni nyeusi, na maelezo ya briji yanayosema fuata rangi yatampoteza mwanagenzi katika mchezo wake wa kwanza.

Hata hivyo, haki ya mkongwe ina mpaka. Mzungu wa nne hawezi kuingia katika briji. Wachezaji wa briji hupima nguvu za mkono kwa kuipa ree pointi 4, mfalme 3, malkia 2 na ghulamu 1. Mwandishi akiandika mzungu wa tatu, mzee wa Mombasa atafikiri ghulamu, na mwanagenzi aliyejifunza kuhesabu pointi za briji atafikiri mfalme. Malkia peke yake ndiye atakayenusurika, kwa kuwa ana 2 kotekote, na hiyo ni bahati tu. Katika briji, basi, waandikwe mfalme, malkia na ghulamu. Mzungu abaki na wahedi wake.

Yapo mambo ambayo hayana jina lililozoeleka katika upande wowote. Katika briji kila mchezaji hutoa karata moja, na karata nne hizo huchukuliwa na aliyetoa kubwa. Zikiitwa mkono, zitagongana na mkono kwa maana ya zile 13 alizoshika mtu. Mzunguko ni neno safi lakini halisemi kwamba kuna kilichochukuliwa. Mchezaji wa drafti hula kete na mchezaji wa karata naye hula. Chakula kinacholiwa kwa mara moja Kiswahili hukiita tonge. Wapo watakaocheka, lakini kula matonge 10 ni maelezo yanayoeleweka hata kwa asiyewahi kuishika karata. Mshirika anayezilaza karata zake mezani na kunyamaza angeitwa bubu, lau neno hilo lisingewaumiza watu. Mkono wazi humfaa zaidi, na husema kinachoonekana. Kwa hatua ya kutangulia mchezo, ambapo pande mbili hushindana kuahidi, mnada na kunadi ni bora kuliko dau. Dau lina harufu ya pesa, na karata katika Nairobi tayari zimebeba aibu ya pata potea bila kuongezewa nyingine.

Mshindi wa mnada hufungwa na mkataba, na hapa nambari zinahitaji uangalifu kuliko maneno. Mkataba wa 4 za shupaza haumaanishi matonge 4. Matonge 6 ya kwanza hayahesabiwi katika ahadi, hivyo aliyeahidi 4 anadaiwa 10. Mwandishi aamue mapema: tarakimu inayofuatwa na jina la jamii ni mkataba, na tarakimu inayofuata neno matonge ni idadi kamili. Akivuruga hilo mara moja, msomaji hatajua kama mkataba umetimizwa au umevunjwa.

Linabaki tatizo la uchapaji, dogo kwa sura. Karata za mkono huorodheshwa kwa cheo cha jamii, shupaza, kopa, uru, pao, na herufi za kwanza za Kiswahili zinapendeza kwa kuwa hazirudiani: S, K, U, P. Lakini karata zinazouzwa katika maduka ya Nairobi zimechapishwa A, K, Q na J, na K ya mfalme tayari iko vidoleni mwa mchezaji. Ukurasa wenye K mbili zenye maana mbili hausomeki. Ama alama zenyewe za jamii zichorwe, kama kiwanda cha chapa kinaweza, ama majina ya jamii yaandikwe kwa ukamilifu, shupaza, kopa, uru, pao, na herufi ziachiwe karata zenye picha pamoja na ree. Njia ya pili hula nafasi zaidi, lakini haihitaji chochote kisichokuwamo katika taipu ya kawaida.