Sifa ya Mmoja

Wako wasemao kuwa Rashomon, mchezo wa sinema uliopata tuzo kuu mjini Venice mwaka 1951, ni kazi ya Kurosawa Akira peke yake. Nakataa. Sinema haipigwi kwa mfuatano wa kisa: mwisho huweza kupigwa leo, mwanzo mwezi ujao. Ni nani basi akumbukaye kuwa upanga ulikuwa mkono wa kulia, na kwamba upindo wa vazi ulikuwa umelowa? Katika Rashomon alikuwa Nogami Teruyo, mwanamke aliyezaliwa mwaka 1927, ambaye kazi yake ilikuwa kutazama na kuandika. Mwenye kazi hiyo akikosea, watazamaji hucheka palipostahili machozi.

Tangu Ikiru ya mwaka 1952 hata Madadayo ya mwaka 1993 hakukosekana kando ya Kurosawa, na baadaye alibebeshwa shughuli za usimamizi pia. Tena alikuwa mwandishi: kumbukumbu zake juu ya baba aliyefungwa kwa ajili ya fikira zake zilimpa Yamada Yoji sinema ya Kabei, mwaka 2008.

Nitaambiwa kuwa hakuamuru kamera. Kweli. Lakini mwongozaji asiyejua jana aliachia wapi, ataamuru nini leo?