Kicheko si Adui wa Mila

Katika Mtaa wa Kongo, Kariakoo, watoto watokao shule husimama mbele ya maduka yauzayo televisheni, wakatazama katuni. Humo mfalme wa kale, kwa kuwa mawimbi yamevunja daraja lake, huamuru bahari ichapwe viboko. Watoto huangua kicheko. Hapo hakosi mtu mzima wa kunung'unika kwamba huo ni upuuzi wa kigeni, nao utawafundisha vijana kuzidharau hadithi za wahenga.

Walimu wenzangu, kauli hiyo ni kasumba iliyovaa joho la uzalendo. Ni nani aliyesema kwamba wazee wetu hawakuwacheka wapumbavu? Abunuwasi aliazima sufuria kwa jirani, akairudisha pamoja na kisufuria, akasema imezaa. Jirani akapokea kwa furaha. Alipoiazima tena, akaleta habari kwamba sufuria imefariki. Jirani akapiga kelele. Lakini aliyekubali kwamba sufuria huzaa, atakataaje kwamba hufa? Hadithi hiyo nayo ilivuka bahari zamani, nasi tukaifanya yetu, kwa sababu wajinga wa namna ya jirani yule walikuwako hapa pia.

Hatari haimo katika kucheka, bali katika kutocheka. Mwaka 1995 hofu ya popobawa ilienea Pemba na Unguja. Watu walilala nje kwa makundi wakikesha. Na huko Unguja mgonjwa wa akili, aliyedhaniwa kuwa ndiye popobawa, aliuawa na umati. Zimwi halikupatikana, iliyopatikana ni maiti ya binadamu. Je, huo nao si uchapaji wa bahari? Tofauti ni kwamba bahari haifi.

Wala si kweli kwamba katuni lazima itoke ng'ambo. Mwaka 2014 vipindi vya Ubongo Kids, vilivyotengenezwa Dar es Salaam, vilianza kuwafundisha watoto hesabu na sayansi kwa Kiswahili, kwa nyimbo na mzaha. Ufundi basi tunao. Kinachotakiwa ni ujasiri wa kuyacheka mazimwi yetu wenyewe.

Kwa hiyo, mwalimu, usiwafukuze watoto dirishani pa duka. Waulize darasani: mfalme yule alikosea wapi? Kisha waulize swali lililo gumu zaidi: nasi leo, ni bahari ipi tunayoichapa viboko?