Simu si ndogo, gemu ndiyo nene!

Haya jamani, leo naandika nikiwa na hasira, mtanisamehe.

Jumapili jioni jirani yangu hapa Komarock alibisha mlango, simu mkononi, kijana wake nyuma yake macho mekundu. "Kaka, wewe si ni mtu wa kompyuta? Nirudishie sauti za mama." Mama yake alikuwa akiishi Machakos, na alifariki mwaka jana. Kuandika ujumbe hakupenda, kwa hivyo kila asubuhi alimtumia bintiye sauti kwa WhatsApp. Mvua imenyesha, mbuzi amezaa, watoto wamekula? Zaidi ya mwaka mzima wa sauti hizo. Kijana alikuwa amezifuta ili apate nafasi ya gemu.

Sikuweza kuzirudisha. Simu za siku hizi husimba kila kitu kilichohifadhiwa ndani yake, na mfumo husafisha nafasi iliyoachwa wazi ili iandikwe upya. Nakala ya akiba hakuwa amewasha. Nilijaribu saa mbili kwa heshima tu, lakini nilijua tangu dakika ya kwanza.

Kisha nikamgeukia kijana, niko tayari na mawaidha ya wazee. Akaniangalia akasema: "Anko, waliandika ni MB 120."

Nikanyamaza. Kwa sababu ni kweli, waliandika hivyo. Ana miaka 12, aliweka pesa, akanunua bando ya saa moja, akapakua MB 120. Alipofungua gemu ikamwambia inapakua data ya ziada, GB 1.9. Bando ikaisha katikati. Kesho yake akanunua nyingine na gemu ikaanza tena kutoka sifuri! Siku ya tatu ikakaribia mwisho, simu ikasema nafasi haitoshi. Mtoto aliyetumia pesa yake yote atafanya nini? Alitafuta folda kubwa kuliko zote, akaona ni ya WhatsApp, akaifuta yote.

Najua mtakachosema. Kosa ni la mtoto. Kosa ni la mama, mbona hakuweka nakala? Kosa ni la simu, GB 32 ni simu gani hiyo? Mimi nasema hapana. Kosa ni letu sisi tunaoandika programu, na tumelificha nyuma ya sentensi moja: "simu yako ni ndogo."

Simu ya GB 32 si ndogo. Mchezo wa Super Mario Bros. wa mwaka 1985 ulikaa ndani ya kilobaiti 40. Simu za kwanza za Nokia za Series 40 zilikuwa na kikomo cha kilobaiti 64 kwa gemu ya Java, na watu walicheza mpaka vitufe vikafutika namba. Sisemi turudi huko. Nasema GB 32 ni nyingi mno kuitwa ndogo na mtu ambaye hajajaribu kupunguza chochote.

Tuangalie mzigo huu unatoka wapi.

Kwanza, ule mlango wa uongo. Zamani duka la Android lilikataa programu iliyozidi MB 50. Mwaka 2012 Google wakaruhusu mafaili mawili ya nyongeza, kila moja hadi GB 2. Mwaka 2015 kikomo cha programu yenyewe kikapanda hadi MB 100. Baadaye wakaleta Play Asset Delivery, ambayo inamruhusu mwanaprogramu kugawa gemu vipande vipande: hiki kije mwanzoni, hiki kije mara baada ya kusakinisha, hiki kije mchezaji akikihitaji. Ni kifaa kizuri. Lakini gemu nyingi zinatuma mzigo kutoka kwa seva zao wenyewe, na mzigo huo hauhesabiwi kwenye ile namba unayoiona kabla ya kubonyeza. Umeuziwa tikiti ya kupanda matatu mpaka Kayole, kumbe ni ya kusimama stejini tu.

Pili, picha. Gemu ya 3D ni maumbo yaliyovikwa picha. Picha moja ya pikseli 2048 kwa 2048, isipobanwa, ni MB 16. Ikibanwa kwa fomati ya ASTC kwa vipande vya 6x6 inashuka chini ya MB 2. Ukipunguza upana na urefu kwa nusu, inabaki robo ya hapo. Na kwenye skrini ya inchi 6 yenye pikseli 720 kwa upana, ni nani ataona tofauti? Hakuna! Lakini mwenye simu ya shilingi 10,000 analetewa picha zile zile zilizotengenezwa kwa ajili ya simu ya shilingi 150,000.

Tatu, sauti. Dakika moja ya sauti ghafi, stereo, kwa ubora wa CD, ni karibu MB 10. Ikibanwa kwa kbps 128 ni karibu MB 1. Bado zipo programu zinazobeba sauti ghafi kwa sababu mtu alisahau.

Nne, sasisho. Ili kusasisha, mara nyingi simu inahitaji nafasi ya toleo jipya huku la zamani bado lipo. Ndiyo maana gemu iliyoingia vizuri Januari inakataa Machi, na mwenye simu anaanza kufuta.

Tano, memori kadi. Tangu Android 2.2 ya mwaka 2010, mwanaprogramu anaweza kuandika mstari mmoja kuruhusu programu ikae nje kwenye kadi. Usipoandika mstari huo, programu inabaki ndani. Mstari mmoja! Android 6.0 ya mwaka 2015 ilileta njia ya kuifanya kadi iwe sehemu ya hifadhi ya ndani, lakini watengenezaji kadhaa wa simu waliizima. Mtu ananunua kadi ya GB 64 barabara ya Luthuli, anarudi nyumbani na inabeba nyimbo tu.

Na huku kuanza tena kutoka sifuri? Hapa sina hata adabu. Uwezo wa kuendelea kupakua pale ulipoachia umo ndani ya kanuni za HTTP/1.1 tangu mwaka 1997. Yule kijana hakuwa amezaliwa. Ukiandika kipakuzi leo ambacho hakijui kuendelea, umeamua kwamba bando ya mtu mwingine si pesa. Nayo ni pesa, tena inatozwa kodi: tangu Julai 2023 ushuru wa bidhaa kwa data hapa Kenya ni asilimia 15, ulikuwa 20, na juu yake kuna VAT ya asilimia 16. Kila gigabaiti inayopotea hewani imeshalipiwa yote hayo.

Sasa naungama. Miaka kadhaa iliyopita niliandika programu ya watoto ya kujifunza hesabu. Ilikuwa MB 190. Hesabu ya kujumlisha maembe! Niliijaribu kwa Wi-Fi ya ofisi, kwenye simu yangu yenye nafasi tele, ikapita. Mwalimu mmoja wa chekechea akaniambia wazazi wake hawaiweki kwa sababu "inajaza simu." Nilikasirika nikasema wanunue simu nzuri. Usiku nikafungua mafaili. Karibu MB 120 zilikuwa sauti ghafi, dakika 12 tu. Nilizibana, nikapunguza picha, ikabaki MB 34. Kazi ya siku mbili. Ningeifanya mwanzoni kama simu yangu ingekuwa kama yao. Kwa hivyo ninaposema "sisi", sitanii.

Wapo watakaosema gemu kubwa ni kubwa kwa sababu ni nzuri. Genshin Impact iliyotoka mwaka 2020 sasa inadai zaidi ya GB 20 kwenye simu, na kweli ni nchi nzima mle ndani. Sawa. Sina ugomvi na anayesema wazi kwamba ana mzigo wa GB 20. Nina ugomvi na anayesema MB 120 kisha akuletee GB 2 ukiwa umeshaingia. Na kugawa mzigo kunawezekana: Call of Duty: Mobile na PUBG Mobile zinakuruhusu kuchagua ramani za kupakua na kufuta usizozitaka. Kama hao wenye gemu nzito wanaweza, wewe mwenye gemu ya kupanga peremende unashindwa na nini?

Na kama huna huruma, basi fikiria biashara. Free Fire ilitoka mwaka 2017 ikiwa imetengenezwa iweze kukimbia kwenye simu dhaifu. Mwaka 2019 ilikuwa gemu ya simu iliyopakuliwa kuliko zote duniani. Wepesi ndio uliofungua mlango.

Ninachodai si kikubwa:

1. Andika mzigo wote kabla mtu hajabonyeza, pamoja na ule wa seva yako. Namba moja, ya kweli.
2. Pima nafasi iliyobaki kwenye simu KABLA ya kuanza kupakua, si ukifika asilimia 97.
3. Bando ikikatika, endelea ulipoachia.
4. Simu yenye skrini ndogo ipewe picha ndogo. Picha kubwa ziwe hiari.
5. Kila mwanaprogramu awe na simu ya GB 32 iliyojaa nusu, na ajaribu kazi yake kwa bando aliyonunua mwenyewe. Siku moja tu kwa mwezi. Mtaona mabadiliko!

Na wewe msomaji, wakati unatusubiri tubadilike: washa nakala ya akiba ya WhatsApp leo, si kesho. Ukifungua gemu mpya na ikaanza kuvuta data ya ziada, isimamishe, usome ni kiasi gani. Ukihitaji nafasi, anza na kufuta kashe za programu, kwa sababu hizo hujijenga upya. Folda yenye jina la mtu au la mazungumzo usiiguse mpaka uulize.

Kijana yule bado hacheki. Mama yake hakumchapa, na nadhani hilo ndilo linalomuuma zaidi. Gemu yenyewe aliifuta usiku ule ule, hata hakuwa amecheza mechi moja.

Nilimwambia jirani pole, naye akanijibu, "Si makosa yako, kaka." Nilishindwa kumwambia kwamba kwa sehemu fulani, ni yangu.