Kiwanja Bukavu, Mwenyewe Berchem
Ukigombana na jirani hapa Berchem-Sainte-Agathe juu ya mpaka wa bustani, hakimu wa amani anaweza kuwapatanisha bila ada. Kiwanja chako cha Bukavu hakina njia fupi hivyo. Kwa sheria ya Kongo ya 20 Julai 1973, ardhi ni mali ya dola, na haki ya mwenye kiwanja cha mjini husimama juu ya cheti cha usajili, si karatasi ya mauzo iliyosainiwa mbele ya mashahidi. Mwingine akijipatia cheti, baada ya miaka miwili ni vigumu mno kukipinga mahakamani. Muda huo unawaonea walio ughaibuni. Mpe wakili wa huko hati ya uwakilishi mwaka huu, akague daftari la msajili wa ardhi.