Kanuni ya Kuwapangia Madaktari Hospitali: Haki Yake na Ukomo Wake

Nchini Marekani, katika miaka ya 1940, hospitali zilishindana kuwawahi wanafunzi wa udaktari, baadhi zikiwapa nafasi za mafunzo kazini hata miaka miwili kabla ya kuhitimu. Mwaka 1952 ulianza mfumo mmoja wa kitaifa: wanafunzi huorodhesha hospitali wanazozitaka, hospitali nazo huwaorodhesha waombaji, kisha kanuni ya kihesabu huwaoanisha.

Kanuni hiyo hutafuta mpangilio thabiti, yaani ule ambao hauachi mwombaji na hospitali ambao wote wawili wangependelea kuwa pamoja kuliko walivyopangiwa. Kwa marekebisho ya Alvin Roth na Elliott Peranson, yaliyoanza kutumika mwaka 1998, hesabu huanza na chaguo la wanafunzi badala ya la hospitali. Mwaka 2012, Roth na Lloyd Shapley walitunukiwa Tuzo ya Nobel ya Uchumi kwa utafiti wao kuhusu mipangilio ya aina hii.

Hata hivyo, mwaka 1986 Roth alithibitisha kuwa, iwapo chaguo za pande zote hazibadiliki, hospitali isiyojaza nafasi zake katika mpangilio mmoja thabiti hupata madaktari wale wale katika mipangilio yote thabiti. Wanaoathirika zaidi ni wananchi wa vijijini.

Kwa hiyo, kanuni hugawa kwa haki kile kilichochaguliwa. Haimshawishi daktari kuchagua kijiji. Kazi hiyo hubaki kwa sera: makazi, posho, vifaa na wakufunzi wa kumwongoza.