Filamu ya Watu Wazima na Mwisho wa Kuamrishwa

Wengi wakisikia maneno "filamu ya watu wazima" hufikiri mara moja juu ya nguo zilizovuliwa. Huko ni kuyapunja maneno. Mtu mzima ni yule awezaye kustahimili kuona jambo likifika mwisho wake wa kweli, hata usipompendeza. Nami nasema kwamba kinachoziua senema zetu za mapenzi ni miisho ya uongo. Habari ya mwili kuonyeshwa au kufichwa ni ndogo.

Hapa Tengeru mlima Meru umetuinamia, na ubavuni mwake, upande wa mashariki, iko Momella, ambako Howard Hawks alipiga sehemu ya filamu yake Hatari!, iliyotoka mwaka 1962. Waigizaji wenyewe, John Wayne miongoni mwao, waliwakimbiza vifaru kwa magari. Hatari ile ilikuwa ya kweli. Mapenzi yalikuwa mzaha mtupu. Wanaume wazima wanamgombea msichana kama watoto wa shule, na wenyeji wa nchi hawapendi wala hawahuzuniki, kazi yao ni kushika kamba. Kifaru alipewa ukweli ulionyimwa moyo wa mtu.

Hayo ni ya wageni. La jirani zetu wa Kenya lauma zaidi. Mwaka 2018 Wanuri Kahiu alitoa Rafiki, kutokana na hadithi fupi ya Monica Arac de Nyeko iliyopata Tuzo ya Caine mwaka 2007. Ndiyo filamu ya kwanza ya Kenya kuteuliwa kuonyeshwa Cannes. Yasimulia mapenzi ya Kena na Ziki, wanawake wawili vijana ambao baba zao wanashindana katika uchaguzi wa mtaa. Atafutaye uchi humo atatoka mikono mitupu. Nguvu yake imo katika gari bovu lililotelekezwa, ambamo wawili hao hujificha. Na gari lile lile lawa mtego umati unapowafikia. Huo ndio ufundi.

Bodi ya filamu ya Kenya iliipiga marufuku Aprili mwaka huo, ikitaja sheria za nchi. Lakini Kahiu alieleza kwamba alitakiwa pia aubadili mwisho, kwa kuwa ulikuwa na matumaini mno. Na mwisho wenyewe ni nini? Mkono juu ya bega la Kena, basi! Septemba Mahakama Kuu iliruhusu ionyeshwe siku 7 kwa watu wazima, na watu wakajaa ukumbini Nairobi.

Ninyi msomao utunzi, litazameni sharti lile. Lilidai majuto ambayo wahusika hawakuwa nayo. Yuko atakayesema kwamba sanaa ni mafunzo. Sikatai; hata ngano hufunza. Lakini fisi wa ngano huangamizwa na ulafi wake mwenyewe, tuliouona tangu mwanzo, wala si kwa barua ya ofisi.

La ajabu ni kwamba waandishi wetu hawangoji kuamrishwa. Mwanamke aliyependa nje ya ndoa hugongwa na gari dakika kumi kabla ya mwisho, mume hulia kaburini, muziki hupandishwa. Nikisoma miswada ya wanafunzi wangu huwauliza: baada ya usiku ule, asubuhi nani alichemsha chai, na nani alisema kwanza? Aghalabu hawajui. Ajali ya gari wanaijua hata dakika yake.